Ousmane Sembène: Kuli Aliyewatengenezea Watu Wake Filamu

Mabibi na mabwana, ndugu zangu wanafunzi wa filamu, asanteni kwa kuja.

Nilipoombwa kuchagua mwongozaji mmoja wa kumzungumzia jioni hii sikuhangaika. Nimemchagua Ousmane Sembène wa Senegali. Wengi humwita baba wa senema ya Afrika, na sifa hiyo imerudiwa mno mpaka mwenyewe amegeuka sanamu. Mimi nataka tumtazame akiwa kazini. Nimezitazama filamu zake kwa miaka mingi, na kila nikizirudia naona kwamba maamuzi yake makubwa, kuanzia lugha ya wahusika hadi mlango wa kwenda kuomba fedha, yalitoka kwenye swali moja: nani atakaa mbele ya filamu hii? Jibu lake halikubadilika kwa miaka 40. Watu wa kwao kwanza. Wengine wakipenda, wakaribie.

Alizaliwa mwaka 1923 mjini Ziguinchor, katika jimbo la Casamance, kusini mwa Senegali, nchi ikiwa bado koloni la Ufaransa. Baba yake alikuwa mvuvi, lakini mtoto hakuweza kurithi kazi hiyo kwa sababu bahari ilimchafua tumbo. Shule nayo haikudumu. Alifukuzwa akiwa kijana mdogo baada ya kugombana na mwalimu mkuu, na hapo masomo ya darasani yakaishia. Akaenda Dakar, akashika uashi, akashika umakanika, akaishi maisha ya kijana wa mjini anayetafuta riziki. Mwaka 1944 akaingizwa katika jeshi la wakoloni na kupelekwa Niger. Haya nayapitia haraka, ingawa lile jeshi tutalikuta tena mbele.

Mahali pa kutulia ni Marseille. Mwishoni mwa miaka ya 1940 Sembène alivuka kwenda Ufaransa. Alifanya kazi kwa muda katika kiwanda cha Citroën jijini Paris, kisha akashuka kusini hadi bandarini, akawa kuli. Jamani, hiyo ni kazi ya mgongo. Kwake ilikuwa hivyo hasa, maana aliumia uti wa mgongo akipakua meli, na alipolazimika kukaa bila kubeba mizigo alizama katika kusoma. Chama cha wafanyakazi, CGT, kilikuwa na maktaba, na huko ndiko aliyefukuzwa shule alikojisomesha. Alijiunga pia na Chama cha Kikomunisti cha Ufaransa. Mtu akiniuliza Sembène alisomea wapi, jibu langu la kwanza ni bandarini. Moscow ilikuja baadaye.

Alisoma sana, na akakuta vitabu vinavyomzungumzia mtu kama yeye ni vichache mno. Mtu mweusi anayepakua meli, anayepanga chumba na wenzake sita, anayetuma fedha nyumbani, alikuwa haonekani. Basi akaandika mwenyewe. Riwaya yake ya kwanza, kuhusu kuli mweusi wa Marseille, ilitoka mwaka 1956. Mwaka 1960 ikatoka ile ambayo wengi huiona kuwa kilele cha uandishi wake, juu ya mgomo wa wafanyakazi wa reli ya Dakar hadi mto Niger. Mgomo huo ni wa kweli: ulianza Oktoba 1947 ukaisha Machi 1948. Katika riwaya hiyo wanawake wanatoka majikoni na sokoni na kuandamana hadi mji mkuu. Wakumbukeni wanawake hao, kwa sababu watarudi katika karibu kila filamu aliyotengeneza.

Mwaka 1960 Senegali ikapata uhuru, Sembène akarudi Afrika na kuzunguka katika nchi kadhaa. Hapo akakutana na ukweli mchungu. Alikuwa mwandishi anayetambuliwa, anasifiwa Paris, lakini reli ile aliyoiandika ilijengwa na kuendeshwa na watu ambao wengi wao hawakuweza kusoma Kifaransa, na wengi hawakuweza kusoma lugha yoyote. Wake za wale wagomaji wasingeweza kufungua ukurasa mmoja wa kitabu kilichowaheshimu. Angeweza kujifariji kwamba watoto wao watasoma. Hakujifariji. Akaamua kwenda kujifunza filamu, akiwa mtu mzima anayekaribia miaka 40.

Aliomba nafasi sehemu mbalimbali, na mlango uliofunguka ulikuwa wa Umoja wa Kisovieti. Mwaka 1962 alikwenda Moscow, katika studio za Gorky, chini ya mwongozaji Mark Donskoy, akajifunza kamera, uhariri na namna ya kupanga tukio. Kisha akarudi Dakar na kamera kuukuu ya Kisovieti ya milimita 35.

Hapa lazima nieleze jambo, hasa kwa vijana wanaodhani Waafrika walichelewa kwa kukosa hamu. Mwaka 1934 serikali ya Ufaransa ilitoa amri, inayojulikana kwa jina la waziri Laval, iliyomtaka yeyote anayetaka kupiga filamu katika makoloni yake ya Afrika apate kibali, na mswada wake ukaguliwe kwanza. Kibali hicho Mwafrika hakukipata kirahisi. Ndiyo maana Paulin Soumanou Vieyra na wenzake walipotengeneza filamu yao ya mwaka 1955 waliipiga Paris, wakiwaonyesha Waafrika waliokuwa kule. Watu walikuwa na hadithi, walikuwa na macho, walinyimwa ardhi yao wenyewe kama uwanja wa kupigia picha. Vieyra huyohuyo baadaye alikuwa mshirika mkubwa wa Sembène, na jina lake linastahili kutajwa kila linapotajwa la mwenzake.

Mwaka 1963 ikatoka Borom Sarret. Ni filamu ya dakika 20 hivi, na huhesabiwa kuwa ya kwanza ya kubuni kutengenezwa na Mwafrika mweusi katika nchi yake iliyopata uhuru. Hadithi yake ni siku moja ya mwendesha gari la farasi jijini Dakar. Anatoka asubuhi nyumbani hakuna chakula. Anabeba abiria ambao hawalipi. Msifu-koo anamsimamisha na kumwimbia sifa za mababu zake mpaka anampa kile kidogo alichopata. Anambeba baba aliyeshika maiti ya mtoto wake, na makaburini wanakataliwa kwa sababu karatasi haziko sawa. Kisha abiria mmoja aliyevaa suti anamtaka ampeleke Plateau, mtaa wa wakubwa, ambako magari ya farasi hayaruhusiwi. Anamhakikishia kwamba ana watu wake huko, hakutakuwa na neno.

Tazameni kinachotokea Plateau. Polisi anasimamisha gari. Mwendeshaji anatoa karatasi zake na medali yake inadondoka, medali ya mtu aliyepigana vita. Anainama kuiokota, na kiatu cha polisi kinaikanyaga. Kamera iko chini, karibu na lami. Tunaona kiatu, medali na mkono unaosubiri. Hakuna hotuba. Polisi ni Mwafrika, nchi ni huru, bendera ni mpya, na mguu uko palepale ulipokuwa. Yule mwenye suti ameshaondoka bila kulipa. Gari linachukuliwa, mwendeshaji anarudi nyumbani na farasi peke yake, na mkewe anamkabidhi mtoto mikononi na kutoka, akisema leo watakula. Tunabaki tukijiuliza anakwenda wapi kukitafuta hicho chakula. Kwangu mimi, mwongozaji aliyeweza haya katika filamu yake ya kwanza, bila sauti ya kurekodi papo hapo na bila fedha, alikuwa ameshakomaa.

Miaka mitatu baadaye, 1966, akatengeneza La Noire de..., iliyotokana na hadithi fupi aliyoiandika baada ya kusoma habari gazetini. Diouana, msichana wa Dakar, anakwenda Ufaransa na mwajiri wake akidhani atalea watoto na kuiona nchi. Anachokiona ni jiko, sakafu na bafu la ghorofa moja huko Antibes. Mbissine Thérèse Diop alimwigiza kwa utulivu unaochoma. Ofisi ya Ufaransa iliyokuwa ikisaidia filamu za Waafrika iliukataa mswada huo, na mkiitazama filamu mtaelewa kwa nini. Ikatengenezwa hata hivyo, ikapata tuzo ya Jean Vigo huko Ufaransa, na mwaka huohuo ikachukua Tanit ya dhahabu, tuzo kuu, katika tamasha la kwanza la Carthage, Tunisia. Sembène mwenyewe anaonekana ndani yake akiwa mwalimu, kiko mdomoni.

Lakini kwa hesabu yake mwenyewe alikuwa bado hajafika. Diouana hajui kusoma, kwao Dakar hakuna anayezungumza Kifaransa, na mawazo yake yote tunayasikia kwa Kifaransa safi. Aliyefanana naye angeiona sura yake kwenye kitambaa na asiielewe sauti. Filamu ilikuwa imerudi kwenye ukuta uleule wa riwaya.

Ukuta huo aliuvunja mwaka 1968 kwa Mandabi. Kwa fedha za serikali ya Ufaransa, ambazo zilimlazimu kupiga pia toleo la Kifaransa, alitengeneza filamu ndefu ambayo watu wake wanazungumza Kiwolofu, lugha wanayoiongea nyumbani na barabarani. Ikawa filamu ndefu ya kwanza ya kubuni katika lugha ya Afrika Magharibi, kwa rangi, ikatuzwa huko Venice.

Mandabi ndiyo ninayoipenda kuliko zote, basi nivumilieni kidogo. Ibrahima Dieng ni mzee wa Dakar, hana kazi, ana wake wawili na watoto wengi, na ana majivuno ya mwenye nyumba. Siku moja inafika hawala ya fedha kutoka kwa mpwa wake anayefagia barabara Paris. Ni faranga 25,000. Za Dieng ni 2,000 tu. 3,000 ni za mama wa kijana, na 20,000 ni za kumwekea akiba. Lakini mtaa mzima umeshasikia fedha zimekuja. Duka linakopesha mchele, jamaa wanaingia mlangoni mmoja mmoja, na Dieng, kwa heshima yake, hawezi kumwambia mtu hapana.

Anakwenda posta. Wanataka kitambulisho, hana. Anakwenda kukitafuta, wanataka cheti cha kuzaliwa, picha na stempu. Cheti hakipatikani kwa sababu yeye hajui tarehe aliyozaliwa, na karani hana muda wa mtu asiye na tarehe. Mpiga picha anamdhulumu. Hatimaye anakimbilia kwa ndugu msomi mwenye gari zuri, anamwekea saini ampokelee fedha, na ndugu msomi anazila. Wote wanaomla Dieng ni watu wa nchi yake, wanaozungumza lugha yake pale wanapotaka kumbembeleza na kuhamia Kifaransa pale wanapotaka kumfukuza. Fikirini mtazamaji wa Dakar mwaka ule, mtu aliyesimama katika foleni hiyohiyo wiki iliyopita, anakaa gizani na kuisikia kwa lugha yake. Na pale posta, anayewasomea barua wasiojua kusoma na kuwadai ujira, ni Sembène mwenyewe. Nafasi hiyo aliichagua kwa makusudi, nina hakika.

Kuanzia hapo alizunguka na filamu zake mijini na vijijini, akizionyesha na kukaa na watu baada ya taa kuwaka ili wabishane. Alikuwa akisema senema ni shule ya jioni kwa wale ambao shule ya mchana haikuwafikia. Mara nyingine aliulizwa na mwongozaji wa Tunisia, Férid Boughedir, kama filamu zake zinaeleweka Ulaya. Alijibu kwamba Ulaya si kitovu chake, kwamba haoni sababu ya kuwa alizeti inayoligeukia jua wakati yeye mwenyewe ni jua. Watu huyarudia maneno hayo kama majivuno. Mimi nayasikia kama maelezo ya kazi: alikuwa anajua amekaa wapi na anaongea na nani.

Ukiongea na watu wako kwa lugha yao, wakubwa wa nyumbani nao wanakusikia, na hapo gharama ikaanza. Emitaï ya 1971, juu ya wanawake wa Kidiola waliogoma kutoa mpunga wao kwa jeshi la Wafaransa wakati wa vita, ilizuiwa katika nchi kadhaa. Xala ya 1975 iliwalenga matajiri wapya wa uhuru: mfanyabiashara anaoa mke wa tatu, usiku wa harusi nguvu za kiume zinamwishia, na gari lake linahudumiwa kwa maji ya chupa yaliyotoka Ufaransa. Wadhibiti waliikata sehemu nyingi kabla haijaonyeshwa Senegali. Ceddo ya 1977 inasimulia kijiji kilichobanwa kati ya mfanyabiashara wa watumwa, padri na imamu. Rais Senghor, ambaye naye alikuwa mshairi, aliizuia, na sababu rasmi ilikuwa kwamba jina la filamu limeandikwa kwa d mbili badala ya moja. Sembène hakuiondoa hiyo d. Senegali haikuiona mpaka Senghor alipokuwa ameondoka madarakani. Nyumba yake ya Yoff, kando ya bahari, Sembène aliiita Galle Ceddo, yaani Nyumba ya Ceddo.

Ikapita miaka 11 bila filamu ndefu. Ndoto yake kubwa ilikuwa filamu juu ya Samori Touré, aliyepigana na Wafaransa mwishoni mwa karne ya 19. Aliiandika na kuitafutia fedha kwa miaka, na haikutengenezwa kamwe. Hiyo inaniuma kuliko tuzo yoyote aliyoikosa.

Mwaka 1988 alirudi, akishirikiana na Thierno Faty Sow, na filamu Camp de Thiaroye. Hapa lile jeshi la ujana wake linarudi. Tarehe 1 Desemba 1944, katika kambi ya Thiaroye nje kidogo ya Dakar, askari wa Kiafrika waliokuwa wamerejea kutoka kambi za mateka za Wajerumani walidai mishahara yao, na jeshi la Ufaransa likawapiga risasi. Taarifa rasmi zilisema waliokufa ni 35. Wanahistoria wengi wanaamini walikuwa wengi zaidi. Sembène alijua fedha za Paris hazitalipia filamu hiyo. Akazipata Senegali, Algeria na Tunisia: nchi tatu za Afrika zikaweka nguvu pamoja, na kwa maoni yangu huo ni ushindi mkubwa kuliko tuzo maalumu ya majaji ambayo filamu hiyo ilipata Venice. Ina urefu wa zaidi ya saa mbili na nusu, na nakubali kuna mahali inakokota. Lakini ilisema yaliyofichwa, na ilibidi kufika Novemba 2024 ndipo Rais wa Ufaransa akakiri kwa barua kwamba yale yalikuwa mauaji ya halaiki ya askari.

Kuna wanaosema Sembène anafundisha mno, kwamba picha zake ni za wazi kupita kiasi. Humlinganisha na Djibril Diop Mambéty, mwenzake wa Dakar, ambaye filamu zake zinaruka kama ndoto. Mambéty nampenda sana. Lakini uwazi wa Sembène ulikuwa uamuzi wa msanii. Alitaka bibi aliyekaa safu ya nyuma, ambaye hajawahi kuona filamu, atoke akiwa ameelewa yote na ana la kubishia. Jaribuni kufanya hivyo mkiwa na kamera, mtaona ugumu wake.

Filamu yake ya mwisho ilikuwa Moolaadé ya mwaka 2004, aliyoipigia kijijini Burkina Faso akiwa na miaka 80. Wasichana wanawatoroka mangariba, na wanne wanakimbilia kwa Collé, mama aliyekwisha kukataa binti yake akeketwe. Collé anafunga kamba ya rangi mlangoni. Kamba iko chini, hata mtoto anaweza kuiruka, na hakuna mtu mzima anayethubutu kuivuka, kwa sababu ni hifadhi ya kale na yeye peke yake anaweza kuiondoa kwa neno lake. Wazee wanaamuru redio za wanawake zikusanywe na kuchomwa. Mumewe anasukumwa amchape hadharani. Fatoumata Coulibaly, mwigizaji wa Mali, anasimama katika viboko hivyo bila kulitamka lile neno, huku upande mmoja wa wanawake wakimpigia kelele alitamke na mwingine wakimsihi avumilie. Oneni alivyofanya: silaha ya kupinga mila mbaya ameitoa ndani ya mila yenyewe. Huwezi kumwambia mwanamke wa kijiji hicho kwamba haya yameletwa na wageni. Filamu ilipata tuzo ya kitengo cha Un Certain Regard huko Cannes, na hao wanawake ndio walewale wa reli, waliotoka majikoni miaka 44 nyuma.

Sembène alifariki Dakar tarehe 9 Juni 2007, akiwa na miaka 84.

Mnaoanza kumtazama, msianze na Moolaadé kwa sababu ni maarufu. Anzeni na Borom Sarret, dakika 20 tu, kisha Mandabi usiku huohuo, na mtazame pamoja na wazazi wenu au majirani, mkibishana baada yake, kwa sababu alizitengeneza zitazamwe hivyo. Mtakapofika posta, mwangalieni vizuri yule anayewasomea watu barua.

Nimemaliza. Nipo tayari kwa maswali, na naomba tuanze na mliokaa nyuma.